Kukaa na Kamera Kando ya Ndiva

Ndiva, bwawa dogo la kukusanyia maji ya kumwagilia, hujaa usiku. Ukitaka kushuti kilimo kwenye Milima ya Upare Kusini, wilayani Same, anza kulijua hilo, kwa sababu ndilo linalopanga yote yanayofuata: saa ya kuamka, mahali pa kusimama, hata idadi ya betri za kuchaji jioni. Upepo wenye mvua unatoka Bahari ya Hindi na kumwaga maji yake mengi upande wa mashariki wa milima. Upande wa magharibi, ule unaotazama barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Arusha, hupata mabaki. Vijito ni vyembamba, na ukivielekeza moja kwa moja shambani mchana, udongo wa mfereji unayanywa maji kabla hayajafika mbali. Kwa hiyo watu wa zamani walichimba mabwawa madogo kwenye miteremko, wakayajengea kuta za mawe na udongo, wakaacha tundu moja chini. Jioni tundu linazibwa, kijito kinaingizwa ndani, na maji yanakusanyika usiku kucha. Asubuhi linazibuliwa, maji yanatoka kwa nguvu na kukimbia mferejini hadi kwa mwenye zamu. Baadhi ya ndiva siku hizi zimetiwa saruji na mlango wa chuma, lakini kanuni ni ileile.

Mimi natengeneza filamu za makala, zile zisizo na waigizaji. Kwa misimu kadhaa sasa nimekuwa nikipanda kwenye kijiji kimoja kilichokaa katikati ya mteremko: juu yake kuna msitu wa Chome unaofunika kilele cha Shengena, mita 2,462, na chini yake tambarare ya mkonge, reli ya Tanga na malori ya jasi ya Makanya. Jina la kijiji nilikubaliana na wenyewe nisiliandike. Filamu ninayoitengeneza haina msimulizi, haina muziki, haina mtu aliyekalishwa kwenye kiti akiulizwa maswali. Ina watu na kazi zao, na mlima. Nikiwaeleza hivyo wenzangu wa mjini wananiuliza, sasa mtazamaji ataelewaje? Swali hilo nimekaa nalo muda mrefu, na jibu lake sikulipata kwenye chumba cha kuhariria. Nililipata kijijini, nitaeleza namna.

Kwanza niseme kwamba swali lenyewe lina historia hukuhuku kwetu. Ng'ambo ya bonde la Mkomazi, kwenye Milima ya Usambara upande wa Korogwe, kuna mahali panaitwa Vugiri. Kati ya mwaka 1935 na 1937, Waingereza wawili, Leslie Notcutt na George Latham, walikuwa na makao pale ya mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, uliofadhiliwa kwa sehemu kubwa na shirika la Carnegie la Marekani. Walitengeneza filamu fupi zipatazo 35, wakazizungusha kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rodesia ya Kaskazini. Picha zilikuwa bubu. Maelezo yalirekodiwa kwenye sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwamo, na sahani ikachezwa pamoja na picha. Zilifundisha mambo ya manufaa: kutunza ngozi, kujikinga na minyoo ya safura, kuzuia mmomonyoko wa udongo, kuweka akiba posta.

Elimu ile ilikuwa na faida yake na sina ugomvi nayo. Ninachokiangalia ni mahali kamera ilipowekwa. Ilikuja shambani ikiwa tayari na jibu, na mkulima akaingizwa ndani ya fremu ili ama asahihishwe ama awe mfano. Sauti ilitengenezwa kando, na mtu mwingine, kisha ikawekwa juu ya kazi yake. Namna hiyo haikuondoka na wakoloni. Nimewahi kufanya kazi za mashirika na naijua vizuri: dakika tatu, shamba kabla ya mradi, shamba baada ya mradi, mama anashukuru, kinanda kinaingia. Ukitazama filamu kumi za aina hiyo hutajua mama yule huamka saa ngapi, wala maji yake yanatoka wapi.

Basi nilitaka kufika bila jibu. Karatasi zilikuwa zote: kibali cha Bodi ya Filamu, barua ya halmashauri, muhuri wa mtendaji wa kata, wa mtendaji wa kijiji, saini ya mwenyekiti. Karatasi hizo zinakuingiza kijijini. Shambani kwa mtu hazikuingizi. Mzee mmoja wa kamati ya maji alizisoma zote taratibu, akazikunja, akanirudishia.

"Unataka kuona nini, mwanangu?"

"Kazi za watu, mzee. Na maji."

"Kesho kutwa ni msaragambo. Njoo na viatu vya tope."

Msaragambo ni kazi ya pamoja ya Wapare, ya barabara, ya shule, ya mifereji. Kila nyumba inatoa mtu, na asiyetokea bila sababu hutozwa faini. Siku hiyo ilikuwa ya kutoa tope ndivani, maana kijito hushuka na udongo, na usipoondolewa bwawa linapungua kina mwaka hadi mwaka. Kamera ilibaki ndani ya begi kuanzia asubuhi hadi watu walipotawanyika. Tulipanga mstari na kupitishiana karai za tope. Pale ndipo nilipojua nani anapokea amri kwa nani, nani anachekwa na kwa nini, mtu gani akinyamaza wote wananyamaza. Nilijua pia uzito wa karai moja. Nilipokuja kushuti msaragambo mwingine baadaye, nilijua ni wapi kwenye mstari mgongo huanza kuuma, na nikasimama hapo.

Tangu hapo sianzi kushuti kazi ambayo sijaishika kwa mkono, hata kama ni kwa saa moja tu na vibaya. Mpigapicha ambaye hajashika jembe hufuata jembe linavyopanda na kushuka, kwa kuwa ndicho kitu kinachocheza. Aliyelishika anajua kwamba jembe ni sehemu ndogo. Tazama mama anayemwagilia mahindi. Ameligawa shamba vipande vidogo vyenye kingo za udongo. Anakata ukingo kwa jembe, maji yanaingia kipande cha kwanza. Halafu anasimama. Anaangalia maji yanavyotambaa hadi pembe ya mwisho, na yakifika anaziba, anakata ukingo mwingine. Kusimama kule ndiyo kazi yenyewe. Akiziba mapema, pembe inabaki kavu na mahindi yake yanadumaa. Akichelewa, anakula maji ya vipande vilivyobaki, na zamu yake ina mwisho: ndiva ikikauka hakuna cha kuongeza hadi kesho, na kesho ni ya mwingine.

Sasa mhariri mwenye haraka atafanya nini? Ataacha mapigo mawili ya jembe na kukata kule kusimama, kwa sababu "hakuna kinachotokea". Akishafanya hivyo amebakiza mtu anayepiga udongo. Hesabu yote ya maji, ambayo ni akili ya watu hawa iliyorithiwa kwa vizazi, imetupwa sakafuni. Ndiyo maana shoti ya mama yule nimeiacha tangu maji yanaingia kipande hadi anapokiziba, bila kuikata. Mtazamaji atachoka kidogo mwanzoni. Kisha ataanza kuangalia maji pamoja naye, na yakikaribia pembe atatamani amwambie "ziba!"

Zamani urefu wa shoti uliamuliwa na chombo. Magazini ya filamu ya milimita 16 yenye futi 400 ilikwisha kwa dakika 11 hivi, na kabla ya miaka ya 1960 kamera za kurekodi picha na sauti kwa pamoja zilikuwa nzito kiasi kwamba shamba la mtu lingegeuzwa studio. Leo kadi ndogo inabeba saa nyingi. Kinachokata shoti mapema sasa ni woga wa mpigapicha, na ni vyema kulijua hilo ukiwa umesimama tuta la mtu na kidole kiko kwenye kitufe.

Kuhusu lenzi nitasema kwa ufupi. Situmii lenzi ya kuvuta mbali kwa mtu aliye kazini. Kumnasa mtu kutoka ng'ambo bila yeye kujua humletea uso mzuri usio na habari, na humfanya awindwe. Nasimama pale ambapo jirani angesimama akipiga naye soga, kwa lenzi pana kidogo, kamera usawa wa kiuno kwa kuwa mlimaji ameinama. Akitaka kunisemesha, ananisemesha, na ninajibu. Jibu langu nimeliacha ndani ya filamu.

Ndege isiyo na rubani nimeiacha mjini. Najua picha zake zinavutia, na vibali vyake vinapatikana. Lakini inauonyesha mlima kutoka mahali ambapo hakuna mwenyeji aliyewahi kusimama, na mlio wake unawatoa ng'ombe kwenye malisho. Mlima una ng'ambo yake. Ukitaka kuona shamba zima, shuka hadi kijitoni, panda upande wa pili, jasho likutoke, halafu geuka. Wenyeji wanapotaka kuona hali ya mashamba yao hufanya hivyohivyo, na wana mawe yao ya kukalia huko juu. Mengi ya mandhari niliyoyapiga nimeyapiga nikiwa karibu na mawe hayo.

Na mwanga. Vitabu vingi vya upigaji picha vimeandikwa na watu wa nchi ambako jua huchukua muda mrefu kuchomoza na kuzama. Hapa tuko nyuzi nne kusini mwa ikweta, jua likitoka limetoka. Ukisubiri mwanga mzuri utapata kidogo asubuhi, kidogo jioni, na kati ya hapo watu wanafanya kazi kutwa nzima bila wewe. Nimeshuti saa sita mchana, kivuli kikiwa chini ya nyayo, kwa sababu zamu ya mtu ilikuwa saa sita. Picha ni kali, inaumiza macho, na joto linaonekana. Ukungu ukiteremka kutoka Chome ukafuta kila kitu, nimeshuti pia, nikisikia jembe bila kumwona mlimaji.

Sauti ndiyo iliyonibadilisha zaidi. Usiku kando ya ndiva hakuna cha kuona ila nyota na tochi ya simu ya anayekagua. Nilikuwa nikirekodi maji yanavyoingia bwawani ili niwe na sauti ya kutosha ya kuunganishia. Kijana aliyekuwa na ulinzi usiku ule alivaa hedifoni zangu, akasikiliza kitambo, akasema, "Hapa bado sana. Sikia linavyopiga chini." Kwa kweli maji yanayoanguka kwenye bwawa tupu yana mlio mmoja, na yanayoanguka kwenye maji yana mwingine, na kati ya hiyo miwili kuna ngazi ambazo yeye alizisoma akiwa amefumba macho. Nimeweka usiku huo kwenye filamu kwa giza karibu tupu, sauti ikipanda ngazi zake. Muziki wowote ungeziba masikio ya mtazamaji wakati huo.

Kuhusu muziki lipo tukio la kweli ambalo kila anayeingia kwenye kazi hii anastahili kulijua. Mtengeneza filamu Mfaransa, Jean Rouch, alishuti uwindaji wa kiboko kwenye Mto Niger mwanzoni mwa miaka ya 1950, akaweka muziki wa wawindaji juu ya picha za mkimbizano. Alipoirudisha filamu kijijini Ayorou na kuwaonyesha wawindaji wenyewe, waliisifia, lakini wakamwambia muziki ule autoe: kiboko angeusikia na kutoroka. Uwindaji ni wa kimya. Rouch alilichukua neno hilo kwa uzito, na desturi ya kurudisha picha kwa wenye picha ikawa sehemu ya kazi yake maisha yake yote.

Sizisafishi sauti za kijiji ili kipendeze masikio ya mgeni. Bodaboda inapita, redio inatangaza mpira, meseji ya muamala inaingia mtu akiwa na mikono ya tope na anaisoma kwanza kabla hajaendelea. Binti anachaji simu kwenye paneli ya sola iliyo juu ya bati. Upareni watu walipeleka watoto shule zamani sana, na nyumba nyingi zina mtu Dar es Salaam, Arusha au ng'ambo. Pesa ya saruji ya mfereji huenda imetoka kwa mwalimu mstaafu anayekaa Mbagala. Ukiyaondoa haya kwenye fremu ili shamba lionekane la kale, umewadanganya wanaotazama na umewaibia wanaotazamwa.

Lugha vilevile. Wanakijiji wakimwona mgeni huhamia Kiswahili kwa heshima, lakini kazini wao kwa wao wanasema Chasu. Sikuwaomba wabadili. Nimeiacha Chasu kama ilivyo na kuandika Kiswahili chini ya picha, nikisaidiwa na vijana wawili wa pale waliobishana kila sentensi. Njia hiyo haikuanza na mimi. Watengeneza filamu David na Judith MacDougall walishuti wafugaji wa Kijie, Karamoja nchini Uganda, mwaka 1968, na baadaye Waturkana wa Kenya, wakaandika chini ya picha mazungumzo ya wafugaji wenyewe badala ya kuweka sauti ya mtaalamu juu yake. Wakati huo lilikuwa jambo geni, mtu wa kijijini Afrika kusikika akitania, akilalamikia kodi, akimpangia mwanawe maisha, kwa sauti yake.

Sasa nije kwenye jibu nililolitaja mwanzoni.

Nilipokuwa na mkusanyo wa kutosha nilirudi na projekta. Tulitundika shuka jeupe kwenye darasa la shule ya msingi, genereta nje, watoto sakafuni mbele, wazee kwenye madawati, vijana dirishani. Nilidhani watajitazama wao: nani kapendeza, nani kafumba macho. Hayo yalikuwapo dakika za mwanzo, vicheko vikaisha. Kisha wakaanza kusoma nyuma ya watu.

"Ng'ombe yule kwenye mahindi ni wa nani?"

"Subiri, subiri. Hiyo asubuhi, maji yanapita kwa nani? Zamu ilikuwa ya huku."

"Ule mparachichi ulikuwa bado haujaanguka."

Kwenye shoti moja ya ng'ambo ya bonde, niliyoichukua jioni, mzee wa kamati alisimama akaenda hadi kwenye shuka na kuweka kidole. Kulikuwa na mstari mwembamba wa majani ya kijani yaliyokoza, unaokata mteremko mzima kwa ulalo, kupita mashamba ya watu, hadi nyuma ya mgongo wa kilima. "Huu ni mfereji wa babu zetu," alisema. "Uliachwa kabla sijaoa. Maji bado yanaujua." Wazee wakaanza kutaja ndiva iliyokuwa ikiulisha, ukoo uliokuwa ukiitunza, mwaka wa njaa ulioifanya iachwe. Vijana wengi mle ndani hawakuwahi kusikia. Tulisimamisha picha hapohapo na mazungumzo yakachukua muda mrefu kuliko filamu.

Laiti ningekata ile shoti baada ya sekunde nne, mzee asingefika kwenye shuka. Laiti ningeibana fremu kumfuata mtu mmoja, mstari usingekuwamo. Kwa hiyo wenzangu wakiniuliza mtazamaji ataelewaje, sasa huwauliza mtazamaji gani. Wa kwanza wangu ni wale wa darasani. Fremu iwe pana kiasi cha wao kupata la kusoma nyuma ya mtu, na shoti ikae kiasi cha macho yao kufika hadi nyuma. Mgeni wa tamasha la filamu la Stone Town au la Berlin atakaa kwenye shoti ileile, na hataona yote wanayoyaona wao. Lakini ataona kwamba kuna la kuonwa, na hilo ni heshima ambayo filamu ya dakika tatu haikuwahi kumpa mkulima. Nilirudi nikahariri upya karibu kila sehemu kwa kipimo hicho. Filamu ikawa ndefu zaidi na yenye maneno machache.

Kutazama kuna mipaka yake, na mipaka hiyo anaiweka mwenye nyumba. Mama aliyeniruhusu kushuti kumwagilia, asubuhi nyingine alinyanyua mkono nikiwa bado njiani. "Leo hapana, mwanangu." Sikumuuliza sababu. Niliweka begi chini ya mgomba, tukachambua maharage, nikaondoka. Ruhusa ya jana haifiki leo, na saini ya fomu haibadilishi hilo. Kuna picha pia ambazo mwenyewe aliziruhusu na nikaziacha nje. Mwaka vuli ilipokatika mapema, niliingizwa kwenye nyumba kuonyeshwa dari lisilo na mahindi. Nilishuti kwa kuwa niliambiwa nishuti. Wakati wa kuhariri niliona kwamba picha ile, ikiwa mbele ya watu wasiomjua mwenye nyumba, ingemfanya kuwa njaa tu, baada ya mimi kukaa misimu yote hiyo nikimtazama akihesabu maji. Nimebakiza asubuhi yake akitengeneza kingo za shamba kusubiri mvua ambayo haikuja. Wanaojua watajua.

Mwaka huohuo ndipo nilipoona kamera inaweza kuacha kutazama na kugeuzwa kitu kingine. Maji yalipungua kijitoni, na watu wa kijiji changu wakapanda hadi kwenye banio la juu, pale maji ya kijito yanapogeuzwa kuingia mferejini, kuzungumza na wa kijiji cha huko, kwa madai kwamba wanachota nje ya zamu. Ugomvi wa wa juu na wa chini ni wa zamani kama mifereji yenyewe na una taratibu zake: wazee wanaanza, mifano ya marehemu inatajwa, mtu anakasirika, mwingine anatania utani wa ukoo, ugomvi unatulia, unaanza tena. Nilikuwa nashuti kama kawaida. Ghafla msemaji wa juu aliwapa kisogo wa chini na kuanza kuiambia kamera. Wa chini wakafanya vivyo hivyo. Kwa dakika chache watu wale waliojuana tangu utotoni hawakuwa wakizungumza wao kwa wao. Nilizima kamera, nikazima na kinasa sauti, nikasema kwa sauti ili wote wasikie kwamba nimezima, nikaenda kukaa mbali na begi likiwa limefungwa. Baada ya muda wakarudiana. Mapatano waliyofikia siku ile hayamo kwenye filamu, na sijuti.

Jambo halikuishia hapo. Kamati ya maji ya kijiji changu ilinijia baadaye na ombi: niwape picha za banio nilizozipiga msimu wa nyuma, zinaonyesha maji yalivyokuwa yamejaa, wazipeleke kwenye kikao kama ushahidi. Nilifikiri sana. Kuwanyima ingekuwa kujifanya mimi ni mpita njia, na mimi nilishabeba tope lao. Kuwapa wao peke yao ingekuwa kuchagua upande kwa kutumia picha ambazo nusu yake ni za watu wa juu, walionipokea na kunipa chai wakijua nafanya filamu. Nilizungumza na mzee wa kamati, kisha nikapanda kuzungumza na wa juu. Tulikubaliana hivi: vijiji vyote viwili vipate nakala, shoti zote za banio tangu nilipoanza, nzima, bila kukatwa, zikiwa na tarehe. Kila upande uziangalie wenyewe kwanza, halafu ziangaliwe pamoja.

Kuziangalia pamoja kumeshafanyika mara moja, na walichokibishania zaidi hakikuwa maji ya msimu ule. Walibishania jiwe moja kubwa linaloonekana kando ya banio, kama limesogezwa au ni tope lililopanda. Shoti ni ndefu za kutosha kuhesabu mawe mengine na kulinganisha, na bado hawajaafikiana. Kikao kingine kimepangwa kabla ya vuli. Mimi nitapeleka projekta na shuka. Wa juu wamesema genereta na mafuta yake watakuja nayo wao.